Mche Unaendelea Vizuri

Katika msitu wetu, kitu kisicho na kibao hakipo. Ndivyo kazi ilivyo, wala si mimi niliyeitunga. Mti wenye kibao una namba, wenye namba umo katika Daftari la Miti Maalumu, na ulio katika Daftari huruhusiwi hata kuukwaruza gome kwa ukucha. Usio na kibao, hata uwe mnene kuliko chumba cha kulala, kwenye ramani unaandikwa "kichaka".

Vibao hivyo nimevipiga mimi kwa miaka ishirini na minane. Wenzangu waliniita Bwana Vibao, na mke wangu naye akalidaka jina hilo, akawa ananiita hivyo kila ninapomuudhi, yaani karibu kila siku. Nyundo, misumari ya shaba isiyoudhuru mti, ngazi na kopo la rangi nyeupe: hizo ndizo zilikuwa mali zangu. Nikiingia msituni asubuhi nilikuwa najua mbega wamelala upande gani, perere aliyepiga kelele usiku kucha amejificha kwenye shimo lipi, na funo, yule paa mdogo wa msituni, amepita wapi akaacha vikwato vyake kwenye tope. Najua okidi inayochanua siku nne tu kwa mwaka, na kwa kawaida siku hizo nne mabosi huwa kwenye semina.

Msitu ni wa kale na umehifadhiwa kwa sheria. Wanasema miti yake mingine ilikuwa mizee tangu kabla ya kuwepo barabara, ofisi, na watu wa kuandika sheria za kuihifadhi. Sasa ofisi ipo, na mimi nina makosa mawili niliyoyafanyia humo ndani. Naomba niyaseme mapema, maana nikiyaacha mpaka mwisho utadhani nilikuwa nayaonea haya. Haya ninazo, lakini si nyingi.

La kwanza ni hili. Mwaka msitu ulipotangazwa kuwa hifadhi, alikuja mtaalamu wa miti, mama mmoja mfupi, mkali, aliyetembea na utepe wa kupimia shingoni. Alipima wiki nzima. Siku ya mwisho alisimama nyuma ya jiko la kituo chetu, mbele ya mvule mmoja mzee uliopinda mgongo, una shimo tumboni, una nundu kila upande, kangaga zimeota mabegani mwake na mizizi ya mtini imeuzunguka kama mishipa ya mkono. Akauzungusha utepe, ukaisha kabla mti haujaisha. Akaunga mwingine. Kisha akaandika, akafunga kitabu, akaniambia:

"Huu una miaka mia sita, pengine na zaidi. Ndio namba moja wako, kijana. Kesho upige kibao."

Jioni ile akaondoka, na sikumwona tena. Asubuhi nikaenda na nyundo yangu. Nilipoweka mkono tu kwenye gome, majimoto wakanivaa. Unawajua majimoto, wale chungu wekundu wanaoshona majani kuwa nyumba na wanaouma kana kwamba umewakosea wazazi wao. Waliingia shingoni, kwenye mikono ya shati, na mahali pengine ambapo sipataji. Nikashuka kwenye ngazi bila kutumia ngazi.

Sasa hatua kama mia mbili kutoka hapo, kwenye njia ya wageni, ulikuwepo mvule mwingine. Umenyooka, gome safi, umesimama kama askari kwenye gwaride, na chungu hata wa dawa hauna. Nikauangalia. Nikaangalia mikono yangu iliyovimba. Nikajiambia nitakipiga kibao hapa kwa muda tu, majimoto wakihama nitakirudisha kwao. Nikakipiga: NA. 1. Nikaandika kwenye Daftari, "Kibao kimepigiliwa kwenye mti uliopimwa," nikatia sahihi.

Majimoto hawakuhama. Badala yake, mwezi uliofuata akaja mpiga picha. Kabla mwaka haujaisha, mvule ule mnyoofu ulikuwa kwenye kalenda, kwenye kijitabu cha wageni, na kwenye muhuri wa ofisi. Watu walikuja kutoka mbali kuukumbatia. Walifumba macho, wakasema wanausikia ukale wake unapita mikononi mwao.

La pili ni dogo zaidi, au nililiona hivyo. Siku ile ya kutangazwa hifadhi kulikuwa na sherehe, na mkubwa aliyetarajiwa kupanda mti akapata mafua. Akamtuma naibu wake, kijana mnene, mcheshi, mwenye viatu vyeupe. Naibu akapanda mche wa mvule nyuma ya jiko, tukapiga makofi, akaenda zake. Siku ya nne funo akautafuna mche mpaka ardhini. Mwezi mmoja baadaye likaja gari maalumu kutoka makao makuu limebeba kibao cha shaba, kimeng'arishwa, kimechongwa jina la naibu, tarehe, na maneno MTI HUU ULIPANDWA NA. Nikakipokea kwa mikono miwili. Sikuwa na mti wa kukitundika, nikakifunga kwenye gunia, nikakiweka stoo nyuma ya majembe.

Na kwenye fomu ya ripoti ya kila miezi mitatu kuna kisanduku kinachouliza: "Hali ya miche ya viongozi." Mara ya kwanza nilikaa na kalamu nusu saa. Kisha nikaandika, "Mche unaendelea vizuri." Mara ya pili nilitumia dakika moja. Baada ya hapo mkono uliandika wenyewe, mara nne kwa mwaka, kwa miaka ishirini na minane.

Basi nikawa nimebakiza mwezi mmoja nistaafu, na nilikuwa nimeshapanga kuondoka na heshima zangu, pale Meneja alipotandika mchoro mezani.

Meneja wetu amesomea misitu chuo kikuu. Shahada yake imetundikwa ukutani juu ya kiti chake, na huifuta vumbi mwenyewe, hamwamini mfagizi. Si mtu mbaya. Ni mtu anayeogopa barua.

"Wageni wameongezeka," akatuambia. "Wanakuja kumwona Namba Moja, wanaegesha magari barabarani. Tutajenga maegesho hapa, nyuma ya jiko. Ni eneo la huduma, halina mti wa Daftari hata mmoja. Kuna kichaka tu. Jumatatu, si hii bali ile inayofuata, wanakuja na misumeno."

Nilipotoka nje nilikuta kichaka kimeshapigwa msalaba wa rangi nyekundu kifuani. Walikuwa wametumia kopo langu la akiba, na majimoto wanne walikuwa wamegandia humo kwenye rangi. Miaka mia sita na ushee, na inakatwa ili watu wapate pa kuegesha wakija kutazama mti wa kale. Nikacheka. Kisha nikaona sicheki tena, kwa sababu Baba Watoto alikuwa amefika.

Baba Watoto ni hondohondo dume, mweusi, domo kubwa kama kofia ya mtu mwingine. Jike wake alikuwa ndani ya mvule, juu, kwenye shimo la upande wa mashariki ambako majimoto hawafiki. Hondohondo wana utaratibu wao: jike anaingia shimoni kutaga, halafu wanaukandika mlango kwa udongo mpaka ubaki ufa wa kupitisha ncha ya domo. Humo anakaa miezi mitatu na zaidi. Chakula analetewa na mumewe, tunda moja moja, kutwa nzima. Kila mwaka nimekuwa nikihesabu siku zao, na kwa hesabu yangu jike alikuwa amebakiza wiki sita. Manyoya ya mabawa yake yalikuwa yamepukutika. Ukiangusha mti ule Jumatatu, yeye na vifaranga wake hawana pa kutokea.

Nyumbani sikula. Mke wangu akaitazama sahani, akanitazama mimi. Yeye ndiye aliyenichomoa majimoto siku ile, miaka ishirini na minane iliyopita, mmoja mmoja, kwa kibano cha nyusi, huku akinicheka. Kwa hiyo ndiye mtu pekee anayeijua siri yangu.

"Wanaukata ule wa nyuma ya jiko," nikamwambia.

"Ule wa kweli?"

"Huo huo."

"Kwa hiyo uongo wako ndio unaoukata."

"Mimi sikusema uongo. Nilipiga msumari tu."

"Msumari wako umekuwa ukisema kila siku, Bwana Vibao. Nenda kaseme na wewe."

Nikapiga moyo konde. Jumatatu asubuhi, wiki moja kamili kabla ya misumeno, nikaingia ofisini kwa Meneja, nikavua kofia, nikamweleza kila kitu: mtaalamu, utepe, majimoto, kibao. Sikujitetea. Nikamweleza na habari za hondohondo. Alinisikiliza vizuri sana, mpaka nikadhani mambo yamekwisha. Kisha akalivuta Daftari, akalifungua ukurasa wa kwanza.

"Sahihi hii ni ya nani, mzee wangu?"

"Yangu."

"Imeandikwa nini hapa?"

"'Kibao kimepigiliwa kwenye mti uliopimwa.'"

"Sasa nimwamini nani? Wewe wa leo, au wewe wa wakati ule? Yule alikuwa kijana, macho mazima, akili zimetulia. Na aliyaandika siku hiyo hiyo."

"Nenda kaupime, bosi. Wewe umesoma. Ukiuangalia tu utajua."

Hapo akatazama dirishani, upande ambao mti hauonekani. Nikajua alishauangalia zamani, na anajua. Miaka kumi anapita chini yake kwenda kunywa chai.

"Mzee," akasema kwa upole, "mti ule mwingine uko kwenye muhuri. Hii barua hapa ina muhuri. Nikikubali maneno yako, barua zote zilizowahi kutoka humu zina picha ya mti wa uongo. Unaniona mimi nikiiandika barua ya kueleza hilo? Na nikiipiga muhuri upi?"

"Na yule ndege?"

"Ataruka."

"Hawezi kuruka. Amejifungia, na mabawa hayana manyoya."

"Umechoka, mzee wangu. Miaka ishirini na minane si mchezo. Pumzika. Jumamosi Mkurugenzi mwenyewe anakuja kuweka jiwe la msingi la maegesho, na atakukabidhi cheti chako cha uaminifu. Usijiharibie."

Nikatoka. Nikaenda kukaa jikoni, kwenye benchi linaloutazama mvule, nikamhesabia Baba Watoto safari zake. Alileta matunda kumi na saba kabla ya saa sita. Nilimwonea wivu. Yeye alikuwa na kazi moja na alikuwa anaifanya.

Jumatano ikaja barua kutoka makao makuu. Nilijua ni barua mbaya kwa jinsi Meneja alivyopita mbio kwenye uwanja, koti likining'inia bega moja, mtu ambaye huwa hakimbii hata mvua ikimnyeshea. Akaanza kuzunguka nyuma ya jiko, nyuma ya vyoo, nyuma ya stoo, anaangalia chini, anaangalia juu. Mwishowe akanifuata nilipokuwa napaka rangi ngazi.

"Mzee, Mkurugenzi anasema akija Jumamosi angependa kuuona mti wake."

"Mti upi?"

"Alioupanda siku ya kutangazwa hifadhi! Alikuwa naibu wakati ule. Anasema kila ripoti anaiona: mche unaendelea vizuri, mche unaendelea vizuri. Anasema ndiyo sehemu ya kwanza anayoisoma. Anakuja na mpiga picha. Uko wapi?"

Yule kijana mnene wa viatu vyeupe. Alikuwa amepanda vyeo kwenye mambo ya bandari na mizigo, halafu mwaka jana wakamleta kwenye misitu, na mimi sikuwa nimeunganisha jina na sura. Nilikuwa na nafasi ya kusema ukweli tena, na ulikuwa ukweli mwepesi: funo aliula. Lakini ukweli nilikuwa nimeshaujaribu Jumatatu, na nilikuwa nimeona ulikonifikisha. Mdomo ukafunguka wenyewe, kama mkono ulivyozoea kuandika wenyewe.

"Uko nyuma ya jiko," nikasema.

"Nyuma ya jiko kuna mti mmoja tu."

"Ndio huo."

Nilimwona anapiga hesabu, na hesabu inakataa.

"Mzee, mti ule unahitaji watu saba kuuzunguka."

"Nane. Mmoja awe mrefu."

"Jumatatu uliniambia una miaka mia sita!"

"Na wewe ukaniambia nimechoka."

Akakaa juu ya kopo la rangi. Nikamhurumia, kweli kabisa, maana nilikuwa namtia shimoni nilimo mimi. Nikachuchumaa karibu naye.

"Bosi, mche wenyewe uliliwa na funo siku ya nne. Ukitaka kumwambia Mkurugenzi, mwambie. Ripoti ziko mia moja na kumi na mbili. Za mwanzo ni zangu na waliokutangulia. Arobaini za mwisho zina sahihi yako."

Akasimama, akajipangusa suruali, akauliza kwa sauti ya mtu anayeulizia chumvi: "Kibao chake kipo?"

"Kipo stoo. Kinang'aa bado."

Alhamisi nikaweka ngazi. Hakuna aliyenisaidia, kila mtu alikumbuka ana kazi upande wa pili wa msitu. Majimoto walikuwa wananisubiri, wao wenyewe au wajukuu wao, maana chuki ilikuwa ile ile. Nilipigilia msumari wa kwanza wakaingia kwenye mikono. Wa pili, shingoni. Nikajikaza. Nilikuwa na miaka ishirini na minane ya kuwalipa wale chungu na nikaamua walipwe wote siku moja. Msumari wa nne ulipoingia, macho yangu yalikuwa yamevimba hata sikuweza kusoma nilichokipiga. Ila nililisikia gome chini ya kiganja changu, la baridi, lenye mikunjo, na nikasema kwa sauti, "Samahani, bibi." Sijui kama niliomba radhi kwa misumari au kwa yale maandishi.

Mke wangu akachukua kibano kile kile. Safari hii hakunicheka. Alinichomoa hamsini na mmoja.

"Mara ya kwanza walikuwa thelathini," akasema. "Leo angalau umesimama."

Jumamosi Mkurugenzi akafika, sasa mnene maradufu, mcheshi vile vile, viatu vyeupe. Meneja alimtembeza taratibu kupita kiasi, kama mtu anayeongoza bibi harusi. Nyuma yao mhandisi wa maegesho na mchoro wake, mpiga picha, na wafanyakazi wote. Tukafika nyuma ya jiko. Mkurugenzi akatazama mbele, akaona ukuta wa gome. Akainua kichwa, akazidi kuinua, mpaka kofia ikamwanguka.

"Huu?"

"Huu, mheshimiwa," akasema Meneja. Sauti ilimtoka nyembamba.

Mkurugenzi akasogea, akasoma jina lake kwenye shaba. Akalisoma tena. Nikaona uso wake unabadilika. Sikuona mashaka humo. Niliona furaha ya mtu aliyepewa habari njema aliyokuwa akiihisi siku zote.

"Mkono wangu una baraka," akasema polepole. "Mama yangu alikuwa akisema hivyo."

"Na udongo wa hapa una rutuba sana, mheshimiwa," akasema Meneja, mwenye shahada ya misitu. Mhandisi akapatwa na kikohozi.

Halafu Mkurugenzi akakunja uso. "Lakini nakumbuka kulikuwa na mti mwingine mkubwa hapa hapa. Mzee, umepinda. Mche wangu niliupanda kwenye kivuli chake. Uko wapi ule?"

Meneja alinitazama kwa macho ya mtu anayezama. Wafanyakazi wote wakanitazama, na nikahisi hata Baba Watoto kule juu amesimamisha shughuli.

"Ule ulianguka, mheshimiwa," nikasema. "Mwaka ule ule."

"Ah! Pole yake."

"Wako ndio ukapata nafasi na mwanga. Ukafuata hata umbo lake."

"Miti ina adabu," akasema Mkurugenzi, na nikaona macho yake yamelowa kidogo. Akagusa ule msalaba mwekundu. "Na alama hii?"

"Ni alama ya miti ya viongozi," akadakia Meneja. "Ili isiguswe."

"Vizuri sana. Msiifute." Akageuka. "Sasa, hayo maegesho mnayaweka wapi?"

"Ng'ambo ya barabara," wakasema Meneja na mhandisi kwa pamoja, na mhandisi akaugeuza mchoro juu chini.

Jiwe la msingi likabebwa kwa toroli mpaka ng'ambo ya barabara, likawekwa kwenye majani. Cheti changu nikapewa hapo hapo. Kiliandikwa: Kwa Ukweli na Uaminifu katika Kazi. Mkurugenzi akanikumbatia, akaninong'oneza kwamba nimemtunzia mtoto wake. Watu wakapiga makofi, na mke wangu, aliyekuwa amevaa gauni lake la sikukuu, akapiga makofi kwa muda mrefu kuliko wote, huku akinitazama bila kupepesa macho.

Nilistaafu mwisho wa mwezi. Kazi ya vibao na ripoti akapewa mpwa wangu, binti wa dada yangu, ambaye kwa miaka mitano alikuwa akitembeza wageni. Nilimfundisha mimi mwenyewe, na kila neno la uongo analowaambia wageni kuhusu Namba Moja alilitoa kinywani mwangu.

Wiki ya pili ya kustaafu nikarudi asubuhi moja, kama mgeni. Siku zilikuwa zimetimia kwa hesabu yangu. Nikakaa kwenye benchi la jikoni. Pale juu, ufa wa shimo ulikuwa mpana kuliko siku zote na vipande vya udongo mkavu vilikuwa vinaanguka kwenye kangaga. Jike alikuwa anaubomoa ukuta kwa domo lake, anapiga, anapumzika, anapiga.

Mpwa wangu akatokea na kundi la wageni kama kumi na tano. Akanipungia mkono. Mama mmoja wa makamo akasimama mbele ya mvule, akaweka mkono kifuani.

"Huu nao? Huu ndio wa kale?"

"Hapana, mama, huu tunaupita," akasema mpwa wangu. "Ni wa juzi tu huu, una miaka ishirini na minane. Ulipandwa na Mkurugenzi, kibao kile pale. Wa kale uko mbele."

"Mbona mkubwa hivi?"

"Udongo," akasema mpwa wangu.

Mama yule akabaki nyuma kidogo, anautazama, hajaridhika. Nikatamani kumwita. Nikafungua mdomo, kisha nikakiona kibao, nikaufunga. Akawafuata wenzake. Baada ya muda nikasikia sauti zao kule mbele, oo, aa, na kamera zikilia, wameukumbatia ule mnyoofu.

Nikainuka nikausogelea mti wangu. Nilikuwa nimeuokoa, na kwa kuuokoa nilikuwa nimeunyang'anya umri wake wote. Kwenye karatasi ni mdogo kuliko mwanangu wa kwanza. Hakuna mtu atakayeukumbatia kwa macho yaliyofumbwa, wala kumleta mtoto wake kuuona. Iliniuma, siwezi kusema vinginevyo, iliniuma kuliko majimoto. Nikauweka mkono.

"Mjomba!" Mpwa wangu alikuwa amerudi, ana fomu mkononi. "Usiuguse, tafadhali. Huo ni wa Mkurugenzi, nitasemwa."

Nikauondoa mkono.

"Nisaidie kitu kimoja," akasema. "Ni ripoti yangu ya kwanza. Kuna kisanduku hiki cha miche ya viongozi. Huwa kinaandikwaje?"

Kabla sijamjibu, bonge kubwa la udongo likaanguka miguuni mwetu. Tukatazama juu. Kichwa cheusi kilitokea, kisha bega, kisha jike mzima, mchafu, amekonda, mabawa mapya yamekunjamana. Akasimama kwenye ukingo wa shimo kama mtu aliyesahau mlango ulikoelekea. Nyuma yake ndani ya giza kulikuwa na midomo miwili midogo iliyokuwa inadai chakula. Baba Watoto akaja na tunda, akaukuta mlango umebomolewa, akabaki ameshangaa nalo mdomoni.

Machozi yalinitoka, nikasingizia jua. Mpwa wangu alikuwa bado anasubiri, kalamu juu ya karatasi.

"Andika," nikamwambia, "mche unaendelea vizuri."